Neno "Maktaba" Pembeni mwa Skrini

Ukitaka kutengeneza filamu ya hali halisi kuhusu Goldenberg, kampuni iliyobeba jina la sakata kubwa la fedha Kenya, utategemea picha za maktaba, yaani zile zilizopigwa zamani na kuhifadhiwa, upende usipende. Kampuni hiyo ililipwa na serikali ya Kenya fidia ya asilimia 35 ya thamani ya dhahabu na almasi iliyodai kuuza nje, na shehena zile hazikuwapo. Kisichokuwapo hakipigwi picha. Kilichobaki ni stakabadhi, vikao vya Tume ya Jaji Bosire, iliyochunguza sakata hilo, pale kwenye jumba la mikutano la KICC jijini Nairobi kuanzia 2003, na mawaziri wa enzi hizo wakishuka garini.

Nazitetea picha hizo. Aliyezaliwa mwaka ule tume ilipoundwa leo ni mpiga kura. Ukimsimulia tu, anasikia hadithi ya wazee. Ukimwonyesha shahidi aliyeapishwa akijibu kwa kinywa chake mwenyewe, hapo kuna ushahidi, na mwandishi naye ana cha kujikinga nacho akiitwa mwongo.

Tatizo huanza picha ikigeuzwa pambo. Chukua mfano wa George Saitoti, aliyekuwa Makamu wa Rais na Waziri wa Fedha. Ripoti ya tume ilipotoka mwaka 2006 ilipendekeza ashtakiwe. Mwaka huohuo Mahakama Kuu ikayafuta yaliyoandikwa dhidi yake. Mhariri anaweza kuchukua picha yake akitembea, akaipunguza mwendo na kuitilia ngoma nzito chini yake. Hakuna sentensi iliyomwita mwizi, lakini mtazamaji ameshahukumu. Pembeni neno MAKTABA limetokea sekunde mbili, likapotea. Picha ya lini? Aliipiga nani? Alikuwa akienda wapi siku hiyo? Naye Saitoti alifariki mwaka 2012, hawezi kujibu.

Wapo watakaouliza kwa nini mwandishi anyenyekee mahakama ilhali mwaka 2013 Mahakama Kuu hiyohiyo ilisimamisha kesi dhidi ya Kamlesh Pattni, mhusika mkuu wa sakata yenyewe. Swali hilo lina uzito, na silipuuzi. Ukiona mahakama ilikosea, sema hivyo waziwazi, weka nyaraka mezani, watu wapime. Usiiachie ngoma ikusemee.

Linaloniuma zaidi ni wale wasiomo kabisa kwenye kanda. David Munyakei alikuwa karani wa Benki Kuu. Ndiye aliyewafikishia wabunge wa upinzani stakabadhi zilizofichua malipo yale. Mwaka 1993 alikamatwa, akapoteza kazi. Alifariki mwaka 2006. Shirika la utangazaji la KBC lilikuwa chombo cha serikali, na kamera zake zilimfuata waziri, si karani. Filamu inayoegemea maktaba peke yake itampa waziri dakika ishirini, karani apewe picha moja ya mnato. Heri skrini iwe nyeusi kwa dakika nzima, tusikie sauti ya mtu aliyefanya kazi naye, kisha kamera isogee karibu na zile karatasi, mpaka tuweze kusoma tarakimu alizoziona yeye.