Hesabu Iliyothibitisha Kiini cha Atomu

Kila inaposimuliwa habari ya kugunduliwa kwa kiini cha atomu, mkazo huwekwa kwenye mshangao wa mwaka 1909, pale Hans Geiger na Ernest Marsden, waliokuwa wakifanya kazi chini ya mwanafizikia Ernest Rutherford huko Manchester, Uingereza, walipobaini kwamba chembe chache za alfa (chembe zenye chaji chanya zinazotolewa na vitu vyenye mnururisho) zinazogonga bamba la metali hurudi nyuma, takriban moja kati ya 8,000 kwa platinamu. Sipingi uzito wa tukio hilo. Kwa maoni yangu, hata hivyo, uthibitisho wenyewe umo katika kazi iliyofuata, ambayo masomo mengi ya shuleni huipitia kwa haraka au huiacha kabisa, na jambo hilo hunisikitisha.

Mwaka 1911 Rutherford alijenga hoja kwamba chembe nzito na yenye kasi kubwa kiasi hicho haiwezi kugeuzwa na chaji chanya iliyotapakaa katika atomu nzima, kama alivyodhani mwanafizikia J. J. Thomson, sharti chaji hiyo iwe imekusanyika mahali padogo mno. Hakuishia hapo, bali alikokotoa idadi ya chembe zinazopaswa kuonekana katika kila pembe ya kugeuka kutoka njia yao: pembe ndogo ikiongezwa maradufu, idadi ishuke takriban mara 16, kasi ya chembe ikipunguzwa kwa nusu, idadi ipande mara 16. Nadharia inayojifunga kwa tarakimu namna hiyo imejiweka wazi kukanushwa, na hapo ndipo ninapouona ukuu wake.

Geiger na Marsden walirudi gizani, wakasubiri macho yazoee, kisha wakaitazama kwa hadubini skrini ya zinki salfaidi, ambayo humweka inapogongwa na chembe, na kuhesabu mmweko mmoja baada ya mwingine, jumla yake zaidi ya 100,000. Ili kupunguza kasi ya chembe, waliziwekea vipande vyembamba vya ulanga (mica) njiani. Walipochapisha matokeo mwaka 1913, idadi ilikuwa imebadilika zaidi ya mara 200,000 kati ya nyuzi 5 na nyuzi 150, na kanuni ilikubaliana na vipimo kotekote.

Ningependa walimu wa fizikia wawape wanafunzi jedwali la matokeo hayo, wazidishe kila idadi kwa kipeo cha nne cha saini (sine) ya nusu ya pembe, kama kanuni ya Rutherford inavyoelekeza, na wajionee zao likibadilika kidogo tu kutoka mstari wa kwanza hadi wa mwisho.