Meza ya Naples na Kioo cha Kalenga

Juzi kijiweni, jirani na soko kuu la Iringa, niliwaonyesha vijana kwenye simu picha za Marina Abramović, msanii anayetumia mwili wake mwenyewe kama sanaa. Mmoja akaguna: "Huyu mama hana kazi ya kufanya." Sikumlaumu. Hata mimi nilianzia hapo hapo.

Mwaka 1974, huko Naples, Italia, mama huyu alisimama kimya kwa saa sita. Mezani aliweka vitu 72: waridi, asali, unyoya, mkasi, mjeledi, bastola na risasi moja. Akaandika kwamba yeye ni kitu tu, watu wamfanye watakavyo, lawama zote ni zake. Walianza kwa upole. Baadaye wakamchana nguo, wakamkata ngozi, na mmoja akamwelekezea ile bastola shingoni mpaka wengine wakaingilia. Muda ulipokwisha akaanza kutembea kuwafuata. Wakakimbia! Walimwogopa alipogeuka mtu tena.

(Huyo huyo, kwao Belgrade, mama yake alimtaka awe nyumbani kabla ya saa nne usiku hadi alipohama akiwa na miaka 29. Mabinti wa Kihesa mtanielewa.)

Wanaosema hayo ni mambo ya Wazungu wasiotuhusu, nawauliza: Kalenga, kwenye makumbusho hapa Iringa, mmefika? Mwaka 1898 Mtwa Mkwawa, chifu wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani, alijipiga risasi ili wasimtie mikononi. Wakakichukua kichwa. Mkataba wa Versailles wa 1919 uliagiza fuvu lirudishwe, lilirudi 1954. Leo limo ndani ya kioo, na sisi tunakwenda kulitazama.

Nilipelekwa huko nikiwa shule ya msingi. Tulisukumana, tukacheka meno yake, na mwenzetu mmoja akagonga kioo kwa kucha kana kwamba anabisha hodi. Hatukuwa watoto wabaya. Tulikuwa mbele ya mwili usioweza kutujibu, basi. Abramović alijitoa mwenyewe, na saa sita zilipokwisha akaondoka kwa miguu yake. Mkwawa alikataa kabisa mwili wake uwe mali ya adui, wakaufanya hivyo hivyo. Kwangu tofauti hiyo ni kubwa kuliko yote yanayoandikwa kumhusu msanii huyu.

Si kila kazi yake inanigusa. Mwaka 2010, New York, alikaa kitini zaidi ya saa 700 kwa jumla, akitazamana kimya na yeyote aliyeketi mbele yake. Wengi walilia. Mimi naona kwa sehemu walililia jina, maana alishakuwa maarufu. Ila lile wazo la kukaa na kutazama bila kusema lilinikaa.

Mwezi uliopita nilirudi Kalenga, safari hii peke yangu. Nilisimama mbele ya kioo muda mrefu mpaka mhudumu akaniuliza kama naumwa. Nikamjibu, "Hapana kaka, namtazama tu."

Akaenda, akarudi na kigoda.