Alama 72 Inayomrudisha Mtu Tanga

Kijana wa Ngamiani akipata ufadhili wa shahada ya uzamili Marekani, mtaa mzima hujua. Dua husomwa, mama hupokea hongera wiki nzima. Muhula mmoja baadaye inaweza kuja barua: wastani wako umeshuka chini ya 3.0, ufadhili umesitishwa. Huku nyumbani watu watasema amedisko, yaani amefukuzwa chuo kwa kufeli. Mara nyingi hajadisko. Chuo bado kinamtambua, aliyemwacha ni mfadhili. Hayo ni maamuzi mawili ya watu wawili, na rufaa ya moja haifuti la pili.

Vyuo vingi vya Marekani humtaka mwanafunzi wa uzamili awe na GPA ya 3.0 kati ya 4.0, yaani wastani wa B. Akishuka, kwa kawaida huwekwa chini ya uangalizi na kupewa muda wa kujirekebisha. Mkataba wa ufadhili lakini unaweza kuwa mkali kuliko kanuni za chuo, ukakata fedha bila kumpa muda huo.

Mfadhili ana hoja, tena nzito. Nafasi moja ni ada, bima, nauli na fedha ya kujikimu, na nyuma yake kuna mwombaji mwingine aliyeachwa. Pasipo kiwango, mfadhili atagundua mwaka wa pili kwamba shahada haipo na fedha imekwisha. Sioni sababu ya kukifuta kiwango.

Ninachokipinga ni kumpima mtu kwa muhula wa kwanza peke yake. Katika vyuo vyetu vingi 70 ni A. Marekani, karatasi yenye 72 mara nyingi ni C. Mwanafunzi anaipokea Oktoba, anaona amefanya vizuri, anaendelea na mwendo uleule. Halafu kuna mgawanyo wa alama: hapa tumezoea mtihani wa mwisho kubeba takriban 60 kwa 100, kwa hiyo watu hujifungia wiki za mwisho. Kule kazi za kila wiki zina uzito mkubwa, na zinaanza wakati mgeni bado anatafuta chumba na kufungua akaunti ya benki. Alama zilizopotea Septemba hazirudi kwa kukesha Desemba. Anayeanguka hivyo si lazima awe mvivu wala mzito wa kuelewa.

Na kupanda inawezekana. Chukua masomo matatu ya krediti 3 kila moja (krediti ni kipimo cha uzito wa somo, na kwa kila krediti A ni pointi 4, B ni 3, C ni 2): B mbili na C moja ni pointi 24 kwa krediti 9, wastani 2.67. Muhula wa pili, ili afike 3.0 kwa krediti 18 anahitaji pointi 54 kwa jumla, yaani 30 zaidi: A moja na B mbili. Mtu wa namna hii kumkatia fedha Januari ni kutupa gharama iliyokwishalipwa. Mwenye B moja na C mbili atahitaji A mbili na B moja. Hapo mfadhili ana haki ya kusita, ingawa bado ningempa muhula mmoja wenye masharti.

Hesabu hiyo ndiyo iingie kwenye barua ya rufaa, badala ya kurasa za kuomba huruma. Kwanza tazama tarehe ya mwisho, maana muda huwa mfupi. Ambatanisha matokeo, barua ya msimamizi, na cheti cha daktari kama kulikuwa na ugonjwa. Somo linaloelemea ni bora kulitoa kabla ya tarehe ya chuo kupita, kwa sababu lililoondolewa kwa utaratibu haliingii kwenye GPA. Lakini usilitoe kabla ya kuonana na ofisi ya wanafunzi wa kimataifa: ukishuka chini ya mzigo kamili, ambao mara nyingi ni krediti 9, bila idhini yao, viza inaingia matatani.

Mtumishi wa umma, wa halmashauri ya Muheza au jiji la Tanga, ana jambo la ziada. Ruhusa yake ya masomo imefungamana na masomo yenyewe. Wengine huificha barua kwa aibu, wakatafuta vibarua huko waliko. Mwajiri aandikiwe mapema, wiki ileile barua ilipofika, aelezwe kama masomo yanaendelea kwa fedha nyingine au yameishia hapo, maana ukimya ukizidi unasomeka kama utoro kazini.