Kijiji Changu Hakimo Kwenye Mfumo

Leo nimeambiwa, kwa upole kabisa, kwamba nilikozaliwa hakupo.

Dada wa dirishani alifungua mkoa wa Tanga, akaupata. Wilaya akaipata. Kata nayo ikatoka, imetulia na herufi zake zote. Akashuka kwenye vijiji, akapanda, akashuka tena. "Mzee, Kwemlungwi hakimo."

Mzee! Asubuhi natoka nyumbani nilikuwa bado kijana.

Nikasema, kwa heshima ya mtu aliyepiga pasi shati la mikono mirefu kwa ajili ya ofisi hiyo: dada yangu, jaribu kwa R. Akajaribu. Jaribu "Kwa" badala ya "Kwe". Wapi. Nikatoa bahasha. Cheti cha kuzaliwa: Kwemlungwi. Cha darasa la saba: Kwa Mrungwi. Kadi ya mpiga kura: Kwamlungwi. Barua ya mtendaji wa kijiji ina Kwemlungwi juu na muhuri wa Kwemrungwi chini, karatasi hiyohiyo, mtu huyohuyo. Bango la kisima cha wafadhili linasema Kwe-Mlungui, ila bango sikulibeba.

"Sasa mzee, umezaliwa kwenye kipi kati ya hivi?"

Foleni ikaingilia. Baba mmoja akaapa ni R. Kijana akafungua ramani kwenye simu, akatangaza kwamba hapo pana mto na kichaka tu. Mama mwenye mtoto mgongoni akamuuliza kama kichakani watu hawazai.

Nikampigia shangazi, nikaweka spika.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba baba. Nani amekufa?"

"Hakuna aliyekufa. Niko ofisini, wanataka uwathibitishie kwamba kijiji kipo."

Kimya.

"Kimekwenda wapi?"

Dada akaichukua simu. "Mama, kijiji chenu kinaitwaje?" Shangazi akataka kujua kwanza anayeuliza ni mtoto wa nani. Ikagundulika mama yake dada katokea Korogwe. Wakaulizana mvua, wakaulizana mahindi, wakafika kwenye bei ya mbegu, na salio ni langu.

"Sawa mama. Kinaandikwa kwa L au kwa R?"

"Mimi sikiandiki mwanangu, nakikaa. Halafu mnauliza kile cha zamani au hiki?"

Dada akaweka kalamu chini. "Vipo viwili?"

Hapo nikajua nimekwisha. Mwaka 1973 ilitangazwa kwamba ifikapo mwisho wa 1976 kila mtu awe anaishi kwenye kijiji, na kwetu Operesheni Vijiji, ile ya kuhamisha watu, ilikuja na lori. Watu wakapakiwa, kuku wakapakiwa, jina nalo likapakiwa, vyote vikashushwa ng'ambo ya mto. Shangazi akasimulia yote hayo, pamoja na jogoo aliyeruka njiani.

"Kwa hiyo huyu mzee kazaliwa wapi?"

"Kazaliwa huku kupya. Ila kitovu tulikizika kule kwa zamani, bibi yake alikataa katakata."

"Mama, kwenye mfumo hakuna sehemu ya kitovu."

Salio likakata.

Jamani. Dar es Salaam inaandikwa Dar-es-Salaam, inaandikwa DSM, inaandikwa Dar peke yake, wengine wanaiita Bongo, na hakuna aliyewahi kuambiwa athibitishe kama ipo. Kariakoo ni K/koo kwenye kioo cha daladala na watu wanapanda hata bila kusoma. Wajerumani waliandika Moschi, Lushoto wakaiita Wilhelmstal kabisa, na mtu wa Lushoto anapata huduma zake leo. Sisi L moja tu inatufuta! Na sensa ya 2022 ilitangaza watu 61,741,120. Shangazi yumo humo. Karani alifika, akapewa kigoda, akala ndizi, akauliza mpaka idadi ya mbuzi. Alikuwa amekaa wapi yule karani? Angani?

Nimeambiwa nilete barua ya mtendaji wa kata inayothibitisha barua ya mtendaji wa kijiji. Na nauli ya huko mnaijua. Halafu mtendaji wa kata mwenyewe ukifika yuko kikaoni wilayani, kila siku ni kikao, sijui wanajadili nini wakati vijiji vinapotea.

Nikaingia kibanda cha stesheneri nichapiwe barua ya maombi. Kijana kachapa "Kwemurungi". Namwonyesha kosa, ananiambia kurekebisha ni mia tano. Kosa lake, mia tano yangu! Kadi yangu ya mpiga kura nayo, kutoa nakala mbele na nyuma, anahesabu kurasa mbili. Nani kapitisha hiyo? Karatasi imetoka moja, nimeishika mkononi, ni moja.