Ukishapata watazamaji, umeshakuwa mwalimu

Najua vijana wenzangu wa kughani mashairi ya injili watanuna, ila ngoja niseme tu. Tunahangaika na kamera, mwanga, ile biti ya huzuni ya chini chini, tukishaposti tunachungulia simu kila dakika mbili tuone wangapi wametazama, sasa ni nani kati yetu anampa mchungaji asome mashairi kabla hajayarusha?

Wengi tuliambukizwa na Jefferson Bethke, yule jamaa wa jimbo la Washington kule Marekani. Januari 2012, ana miaka 22, akarusha video ya kama dakika nne YouTube, yuko nje tu anaghani kwamba anachukia dini ila anampenda Yesu. Siku chache tu, watazamaji milioni kadhaa. Hana kanisa analoliongoza, hana promota, ni watu tu wanarushiana.

Watu wanakumbuka namba, mi nakumbuka kilichofuata. Mchungaji mmoja wa Michigan, Kevin DeYoung, akayachambua yale mashairi kipande kwa kipande, kwamba Yesu hakuichukia dini, mbona alikuwa Myahudi na sinagogi alienda (na mimi naongezea, Yakobo 1:27 inataja dini iliyo safi, tuifanyeje?). Sasa fikiria dunia nzima inakushangilia halafu anatokea mtu anakwambia hapa umeteleza. Wengi wetu tungemblock. Bethke akamwandikia kwa upole, akakubali kuna mambo hakuyapima vizuri. Kwangu mimi hiyo barua imeyazidi yale mashairi mbali sana.

Maana vina ni vitamu, ndo shida yenyewe. Mstari ukigonga watu wanapiga kelele, hakuna anayeuliza umeutoa wapi. Nilishawahi kughani mbele ya kamera, mkono juu kabisa, eti Biblia inasema Mungu humsaidia anayejisaidia. Jumapili mama mmoja mzee wa kanisa akanivuta pembeni, "Mwanangu, lile andiko liko kitabu gani? Nataka nikalipigie mstari." Nikafungua Biblia ya kwenye simu palepale, nikatafuta weee, jasho linanitoka, yeye kasimama tu na miwani yake ananisubiri. Halipo.

Video niliifuta jioni ileile, ila ilishaingia kwenye magrupu ya kwaya huko WhatsApp, na kila mwaka mpya lazima kuna mtu ananitumia, "Barikiwa sana mtumishi, hii imenigusa."