Kitambi Changu Hakina Hatia

Kwa kuwa rafiki yangu amekwisha kuisambaza picha yangu nikiwa nimekwama mlangoni nyumbani kwa wakwe zangu, mtaa wa Mkomani, Lamu, na chini yake akaandika kwamba ni biriani iliyonifikisha hapo, nimeona ni haki yangu kueleza kwamba kilichonikwamisha si biriani, bali ni kutoa namba mchanganyiko (namba nzima pamoja na sehemu) zenye asili tofauti, yaani namba za chini za sehemu zisizolingana.

Mnavijua vyumba vya nyumba za kale za Lamu: upana wake uliamuliwa na urefu wa boriti za mikoko, kwa hiyo ni vyembamba na kila inchi ina mwenyewe. Mama mkwe alitaka kabati litakalojaza ukuta wenye mlango, kutoka ukingo wa mlango hadi pembeni. Fundi wa mtaa wa Langoni alitaka kuja kupima mwenyewe, nikamwambia asijisumbue, kwani mimi ndiye ninayewafundisha watoto wa mtaa hesabu. Futi kamba iliniambia waziwazi kwamba ukuta ni futi 7 na inchi 3, na mlango ni futi 2 na inchi 8. Mwenye akili zake angetoa papo hapo, maana futi ina inchi 12, na inchi zote tayari zina asili moja. Mimi, kwa kupenda kuonekana msomi, nikazirahisisha: ukuta 7¼, mlango 2⅔. Asili niliyopewa bure niliivunja, kisha nikaketi kuitafuta upya. (Anayecheka sasa anaharakisha, mabaya yako mbele.)

Kigawe kidogo cha shirika cha 4 na 3, yaani namba ndogo kuliko zote inayogawika kwa zote mbili, ni 12, hivyo nikaandika 7 3/12 kutoa 2 8/12. Namba nzima zilinitii, 7 kutoa 2 nikapata 5. Kwenye sehemu, 3 haikutosha kutolewa 8, na hapo ndipo mtoto yeyote wa shule huazima nzima moja kwenye 7, akaifanya 12/12, akapata 6 15/12, na jibu lake likawa 4 7/12. Mimi sikuazima. Nilitoa 3 kwenye 8, nikampelekea fundi kikaratasi kilichoandikwa futi 5 5/12 kwa mwandiko mzuri sana.

Kabati likaja, la mbambakofi, zito, limezidi kwa inchi 10. Mlango wa chumba kile ni wa pande mbili. Hamali walipolisukuma kabati hadi pembeni, upande mmoja ulifungika nyuma yake, ukabaki upande mmoja wa kupita, inchi 16 tu. Adhana ya alasiri ikasikika, na hamali, ambao wote ni wembamba, wakachomoka kwenda msikitini. Nikawafuata.

Bega lilipita. Mkono wa kulia ulipita, nao ukabaki ukining'inia ukumbini bila kazi. Kifua kilipita kwa mashauriano. Kisha kitambi kikafika kwenye kona ya kabati, kikasimama, na wakati huohuo mama mkwe akatokea na sinia la kahawa na halua, nami, kwa adabu niliyolelewa nayo, nikajaribu kuinama nimwamkie. Kanzu ikanasa kwenye komeo nyuma yangu. Nilisema "Shikamoo mama" kwa sauti ya mtu anayekabwa. Akaitikia, akageuza uso na kujifunika kwa leso, akasema taratibu: "Mwanangu, vuta pumzi." Nilizivuta. Kifungo cha kanzu kikafyatuka, kikapita juu ya vikombe na kuzama katikati ya halua, na sote wawili tukakitazama kikididimia. Nyuma yake alikuwapo rafiki yangu, na simu yake ilikuwa mkononi.

Hamali waliporudi walilivuta kabati, nikatoka. Fundi alikuja, akasoma kikaratasi, kisha akahesabu kwa inchi bila kalamu: 87 kutoa 32, 55. Hakunitazama usoni. Kabati likarudi Langoni kukatwa.

Jana ameniletea hesabu ya ujira wake: siku 4½ za kuunda na ⅔ ya siku ya kukata, akaniomba mimi, kama mwalimu, nizijumlishe. Ni siku 5 1/6. Nimemlipa za siku 5½, na chenji sikuidai.