Kaskazini Ipate Wahakiki wa Filamu Kwanza, Tuzo Zifuate

Kila msimu wa tuzo za filamu unapowadia, mjadala wetu huwa ni uleule: nani kapewa, nani kanyimwa, na nani ana mashabiki wengi wa kumpigia kura kwa simu. Ni nadra kusikia mtu akieleza kwa nini filamu iliyoshinda ni nzuri. Mimi ni mkazi wa Arusha, na ninaamini kwa dhati kwamba mikoa ya Arusha na Kilimanjaro inapaswa kuwa na chama chake cha wahakiki wa filamu, chenye kutoa tuzo kila mwaka. Ninaamini pia kwamba chama hicho kikianza na tuzo kabla ya uhakiki, kitakuwa kimeezeka paa pasipo kuta.

Tuzo inayoamuliwa kwa kura za simu hupima ukubwa wa kundi la mashabiki, jambo ambalo tayari linaonekana katika mauzo na katika idadi ya watazamaji wa YouTube. Jopo la majaji wa tamasha lina heshima yake, na ninafurahi kwamba Bodi ya Filamu Tanzania ilianzisha tuzo zake mwaka 2021 na kwamba Zanzibar wamekuwa na tamasha la kimataifa la filamu, ZIFF, tangu mwishoni mwa miaka ya 1990. Hata hivyo, jopo hukutana kwa muda mfupi, huchagua miongoni mwa filamu zilizowasilishwa, kisha hutawanyika. Wahakiki ni watu wa namna nyingine. Wao huandika mwaka mzima, kwa majina yao, kuhusu kazi nzuri na kazi mbovu, na mwaka unapokwisha hukaa pamoja wakapiga kura, huku kila msomaji akiwa anajua tangu awali nani alisema nini kuhusu filamu gani.

Wenzetu wa Marekani wana vyama vya aina hii katika miji mbalimbali. Cha New York kilianza mwaka 1935, na cha Los Angeles mwaka 1975. Hiki cha pili kina kisa ambacho kila mtu anayedhani uhakiki ni maneno matupu anapaswa kukijua. Mwaka 1985 studio ya Universal iligoma kuitoa nchini Marekani filamu ya Terry Gilliam iitwayo Brazil kwa jinsi mwongozaji mwenyewe alivyoihariri. Wahakiki wa Los Angeles walikuwa wamekwisha kuiona katika maonyesho yasiyo rasmi, na Desemba ya mwaka huo wakaipa tuzo ya filamu bora, ya mwongozaji bora na ya mswada bora, ilhali haijafika katika kumbi za nchi hiyo. Studio ikalazimika kuitoa. Watu wachache wenye kalamu waliweza kufanya hivyo kwa sababu hawakuwa na deni kwa mtu yeyote katika biashara ile.

Upo pia mfano wa kuogopesha. Chama cha waandishi wa kigeni wa Hollywood, waliokuwa wakitoa tuzo za Golden Globe, kilichunguzwa na gazeti la Los Angeles Times mwaka 2021, ikabainika kwamba miongoni mwa wanachama wake 87 hapakuwa na mtu mweusi hata mmoja, na kwamba zaidi ya 30 kati yao walikuwa wamegharimiwa safari ya kifahari ya Ufaransa kutazama mahali tamthilia moja ilipokuwa ikirekodiwa. Televisheni ya NBC ikakataa kurusha sherehe ya mwaka 2022, na mwaka 2023 chama chenyewe kikavunjwa. Hapa kwetu hatuna haja ya safari ya Paris ili kuharibika. Inatosha bahasha ya nauli inayogawiwa mwishoni mwa uzinduzi wa filamu, na kesho yake gazeti likajaa sifa ambazo mwandishi wake hakuzitoa moyoni.

Wapo wanaosema hatuna watu wa kazi hii. Nakataa. Kila kijana aliyesoma Kiswahili sekondari amefundishwa kuhakiki riwaya, tamthiliya na ushairi kwa kutazama fani na maudhui: dhamira, wahusika, mandhari, muundo, mtindo na matumizi ya lugha. Tumewafundisha maelfu kwa maelfu, kisha wakimaliza mtihani tunawaacha watumie maarifa hayo kubishana mpira. Nenda katika banda la video kule Ngarenaro jioni yoyote uwasikilize watazamaji. Nimewahi kukaa kwenye benchi la banda kama hilo wakati mwigizaji wa kike alipoamka kitandani akiwa na wanja, rangi ya mdomo na nywele zilizochanwa vizuri, na kijana wa nyuma yangu akauliza kwa sauti, "Huyu kalala au kapiga picha ya harusi?" Banda zima likacheka, na mjadala ukahamia kwenye swali la kwa nini filamu nzima inafanyika sebuleni. Kilichokosekana pale ni mtu wa kuyaandika hayo kwa utulivu ili yamfikie mwongozaji.

Nalijua pingamizi la kwamba uhakiki utawakatisha tamaa wasanii wachanga. Kinachonikatisha tamaa mimi ni kuona kasoro zilezile zikirudi mwaka hadi mwaka kwa sababu hakuna aliyezitaja. Chukua sauti. Mara nyingi mazungumzo hunaswa na kinasa sauti cha kamera yenyewe, ikiwa hatua kadhaa kutoka kwa mwigizaji, hivyo pikipiki ya barabarani husikika kuliko mama anayemlilia mwanawe, kisha muziki huongezwa kuficha tatizo na kulizidisha. Enzi za DVD tulizoea pia hadithi moja kukatwa Sehemu ya Kwanza na ya Pili ili iuzwe mara mbili, na kisa kikarefushwa kwa picha za gari likiingia getini. Mhakiki makini angeonyesha ni onyesho lipi limeharibika, kwa nini, na nini kingefanyika.

Kaskazini tuna sababu yetu ya ziada. Tangu mwigizaji wa Marekani John Wayne alipokuja kuigiza Hatari!, filamu ya mwaka 1962 iliyopigwa kwa sehemu kubwa Momella, mkoani Arusha, hadi Royal Tour, filamu ya kuitangaza Tanzania kwa watalii, ilipozinduliwa hapa Arusha katika kituo cha mikutano cha AICC mwezi Aprili 2022, kamera zimeipenda sana nchi hii ya milima na wanyama. Sina ugomvi na utalii, maana unalisha familia nyingi ninazozifahamu. Ila mkazi wa Moshi akiitazama filamu ambayo Kilimanjaro imewekwa nyuma kama pazia, ana haki na ujuzi wa kuuliza wapo wapi watu wanaoishi chini ya mlima huo, na wanazungumza Kiswahili cha wapi. Swali hilo mhakiki wa Dar es Salaam anaweza asiliulize kabisa.

Chama chenyewe kisihakiki filamu za Kaskazini peke yake, bali chochote kilichoonyeshwa kwetu mwaka huo, iwe kwenye ukumbi, televisheni, mtandao au banda. Uanachama upatikane kwa maandishi yaliyochapishwa, na anayetayarisha au kuigiza filamu asipige kura. Kura zichapishwe na alama zake, kama wafanyavyo wahakiki wa chama cha taifa cha Marekani kilichoanzishwa mwaka 1966. Gharama zitoke kwenye michango ya wanachama, na ukumbi wa shule siku ya Jumamosi unatosha.

Mwaka wa kwanza ningependa kusiwe na tuzo yoyote, tuandike tu. Mwaka wa pili vianze vipengele vichache: filamu, uongozaji, mswada, uigizaji na sauti. Na kama hakuna kazi iliyostahili katika kipengele fulani, kiachwe wazi na sababu zake zichapishwe pamoja na matokeo mengine.